Maswali na Majibu: Mwandishi Aliyeisikiliza Kona ya Mtaa

Safu iliyopita niliandika sentensi moja tu kuhusu Wolfgang Kohlhaase: kwamba kama ningepewa nafasi ya kunywa chai na mwandishi yeyote wa filamu wa karne iliyopita, ningemchagua yeye. Sentensi ile imeleta maswali mengi kuliko makala nzima. Leo nayajibu kwa zamu. Mengine nimeyafupisha, wenyewe mniwie radhi.

Huyo Kohlhaase ni nani? Nimewauliza watu watatu wanaopenda sinema, hakuna anayemjua. (Msomaji, Tanga)

Usiwalaumu. Jina la mwandishi wa skripti hupita kwenye kioo wakati watu bado wanatafuta pa kukaa.

Kohlhaase alizaliwa Berlin tarehe 13 Machi 1931, akakulia Adlershof, mtaa wa wafanyakazi upande wa kusini-mashariki ya jiji. Baba yake alikuwa fundi wa mashine. Vita vilipokwisha mwaka 1945 yeye alikuwa na miaka 14, na jiji lake lilikuwa kifusi. Filamu ya kwanza aliyoshiriki kuiandika ilitoka 1953, na ya mwisho aliyoiandikia skripti, *In Zeiten des abnehmenden Lichts*, ilitoka 2017. Hesabu mwenyewe: ni miaka zaidi ya sitini mezani. Alifariki Berlin tarehe 5 Oktoba 2022, akiwa na miaka 91.

Kinachonivuta kwake si wingi wa miaka. Nusu ya kwanza ya kazi yake aliifanya chini ya Ujerumani Mashariki, nchi ambayo mwaka 1990 ilifutika kwenye ramani. Waandishi wengi wa upande ule walinyamaza nchi yao ilipoondoka, kwa sababu kila walichokijua kilikuwa kimeondoka nayo. Yeye aliendelea, na baadhi ya kazi zake zinazopendwa sana ni za uzeeni. Nadhani ni kwa sababu hakuwahi kuiandika serikali. Aliwaandika watu wa ngazi moja, wa ua mmoja, wa kona moja ya barabara, na watu hao walibaki palepale bendera zilipobadilishwa.

Shikamoo mwalimu. Nimemaliza kidato cha sita, nataka kuandika filamu ila ada ya chuo cha filamu sina. Huyo mzee alisomea wapi? (Msomaji, Morogoro)

Marahaba, mwanangu. Hakusomea.

Mwaka 1947, akiwa na miaka 16, aliingia kujifunza kazi kwenye jarida la vijana lililoitwa *Start*. Kutoka hapo akaenda gazeti la vijana, *Junge Welt*. Mwaka 1950 akapata kazi DEFA, kampuni ya filamu iliyoanzishwa Mei 1946 katika eneo lililokuwa chini ya Warusi, ikitumia studio kubwa za zamani za Babelsberg, jirani na Berlin. Pale alikuwa msaidizi wa dramaturgi. Dramaturgi ni yule anayesoma skripti kabla haijafika kwa mwongozaji: anamwonyesha mwandishi pale hadithi inapolegea na mhusika anapofanya jambo lisilomfaa, na anakaa naye mpaka pakae sawa. Mwaka 1952 akaacha ajira, akawa mwandishi wa kujitegemea, na hakurudi nyuma tena.

Sasa usije ukanielewa vibaya ukasema mwalimu kasema shule haina maana. Hapo nimekutajia shule mbili. Gazetini alifundishwa kwenda mahali, kuuliza, kuandika kwa idadi ya maneno aliyopewa na kurudi kabla gari la magazeti halijaondoka. Kwa dramaturgi alifundishwa kusoma makosa ya wengine, na hiyo ndiyo shule ninayokusihi uitafute. Skripti mbaya ya mtu mwingine inafundisha kuliko nzuri, kwa sababu nzuri imekwisha kuficha mishono.

Angalia matunda yake. Filamu ya *Alarm im Zirkus* ya 1954 ilitokana na kisa cha kweli cha jaribio la kuiba farasi wa sarakasi upande wa mashariki wa Berlin na kuwavusha upande wa magharibi. Mwandishi wa habari angetoa safu moja ya gazeti. Kohlhaase aliwachukua wavulana wawili maskini wanaoingizwa kwenye njama ile, akauliza mtoto wa aina hiyo anataka nini maishani, na filamu ikapatikana.

Naunganisha filamu (naediti) hapa Mwanza. Kila skripti ninayoletewa watu wanaongea kama wanahutubia. Nasikia Kohlhaase anaandika mazungumzo mafupi. Anafanyaje? (Msomaji, Mwanza)

Hili ndilo swali nililokuwa nalisubiri, kwa hiyo utanivumilia nikikaa nalo.

Nakupa sini moja. Filamu inaitwa *Solo Sunny*, ya mwaka 1980. Sunny, ambaye jina lake la kuzaliwa ni Ingrid Sommer, alikuwa mfanyakazi wa kiwandani, sasa ni mwimbaji wa bendi inayozunguka miji midogo. Anaishi peke yake kwenye nyumba kuukuu ya uani, katika mtaa wa Prenzlauer Berg. Asubuhi moja kuna mwanaume kitandani kwake, kalala hapo usiku mmoja. Sunny anamwamsha kwa maneno matatu ya Kiberlin: „Is ohne Frühstück.“ Yule bwana anataka kuleta neno. Sunny anaongeza: „Is auch ohne Diskussion.“

Nimehangaika na mistari hiyo miwili kwa siku kadhaa nikitafuta Kiswahili chake. Ukisema „Sitakuandalia kifungua kinywa“, umeua, maana umemfanya Sunny ajieleze, na yeye hajielezi. Ukisema „Nenda zako“, umemfanya mkali, na yeye si mkali, amechoka tu na anajua anachotaka. Nilipofika mwishoni niliandika hivi:

„Chai haimo.“

„Na mjadala haumo.“

Hapo nilipumua. Uzito wote umo kwenye kitenzi kile kinachojirudia, kama mtu anayesoma bei dukani: hiki kimo, hiki hakimo. Hatuambiwi kwamba Sunny ameumizwa na wanaume. Hatuambiwi kwamba anajitegemea. Tunasikia namna anavyoitoa sentensi, basi, tumeshamjua. Watu wa Berlin mpaka leo wanaukariri mstari ule, na wengi wao hawajui jina la aliyeuandika.

Kwa hiyo ndugu yangu, ukiletewa skripti ambayo mhusika anasema „Unajua mimi kama dada yako mkubwa niliyekulea tangu mama alipofariki...“, usimlaumu mwigizaji. Yule dada mdogo anajua kwamba huyu ni dada yake. Anajua mama alifariki. Anayeelezwa ni mtazamaji, kwa mgongo wa mdogo mtu, na mtazamaji anahisi kwamba anafundishwa. Kohlhaase angemwachia dada mkubwa sentensi moja: „Umekula?“ Hayo mengine yangeonekana kwenye sahani.

Jambo la pili ni sikio. Yeye hakuandika Kijerumani cha vitabu, aliandika Kiberlin kinachokata herufi na kumeza maneno. Nasi tunacho chetu. Mtu wa Mwanza haongei kama mtu wa Mtwara, na dereva wa bodaboda hamsalimu abiria kama mtangazaji wa taarifa ya habari. Skripti nyingi ninazozisoma zimeandikwa kwa Kiswahili ambacho hakuna anayekizungumza, halafu mwigizaji anaachiwa kazi ya kukifufua mbele ya kamera. Kaa kituo cha daladala saa nzima na daftari. Usiandike hadithi wala mawazo yako, andika sentensi walizozisema watu, kama zilivyotoka. Utashangaa zilivyo fupi, na utashangaa zaidi jinsi watu wasivyojibu swali waliloulizwa.

Mwongozaji ndiye mwenye filamu. Mwandishi anabaki na nini? (Msomaji, Dodoma)

Anabaki na mwongozaji mwenyewe, akimpata anayemfaa. Sifanyi mchezo wa maneno. Ukiipanga kazi ya Kohlhaase utaona imepangika kwa watu, si kwa miaka.

Wa kwanza alikuwa Gerhard Klein. Walipenda filamu za Kiitalia za baada ya vita, zile za barabara halisi na nyuso za watu wa kawaida, nao wakaamua kuitoa kamera studio na kuishusha mtaani Berlin. Iliyo maarufu zaidi ni *Berlin – Ecke Schönhauser…* ya 1957. Vijana wanasimama chini ya daraja la chuma la treni, kwenye barabara ya Schönhauser Allee. Wenyeji wanaliita daraja hilo mwavuli wa halmashauri, kwa kuwa mvua ikinyesha wote wanajificha chini yake. Hawana kazi ya maana ya kufanya jioni, nyumbani hakukaliki, na mji bado haujawekewa ukuta, kwa hiyo upande wa magharibi uko hatua chache tu. Mmoja wao, Kohle, baba wa kambo anampiga. Anakimbilia magharibi na rafiki yake Dieter, wanatupwa kwenye kambi ya wakimbizi. Ili apate homa asitenganishwe na rafiki yake, Kohle anakunywa kahawa iliyochanganywa na tumbaku. Anakufa. Hakufa kwa risasi wala kwa siasa, amekufa kwa ujanja wa kitoto wa kutaka kubaki na mwenzake. Nimeiona mara nne na kikombe kile bado kinanitisha.

Wa pili alikuwa Konrad Wolf, na hapa pana jambo la kushangaza. Wolf alizaliwa 1925. Familia yake ilikimbia utawala wa Hitler, akakulia Moscow, akarudi Ujerumani mwaka 1945 akiwa kijana wa miaka 19 amevaa sare za Jeshi Jekundu. Kohlhaase siku hizohizo alikuwa mtoto wa miaka 14 ndani ya Berlin. Mmoja aliliingia jiji na waliolishinda, mwingine alikuwa miongoni mwa walioshindwa. Miaka ishirini na kitu baadaye wakakaa meza moja wakaandika *Ich war neunzehn*, iliyotoka 1968. Kijana Mjerumani aliyevaa sare za Kirusi anazunguka na gari la vipaza sauti, akiwasihi Wajerumani wenzake wajisalimishe. Wengine wanatoka mikono juu, wengine wanamjibu kwa risasi. Kuna mahali anaachwa kuwa mkuu wa mji wa Bernau, na yeye bado ni kijana mdogo. Hilo halikubuniwa: Wolf mwenyewe aliwahi kupewa madaraka hayo katika mji huohuo.

Waliendelea pamoja mpaka *Solo Sunny*, ambayo Kohlhaase aliongoza pia pamoja na Wolf. Wolf alifariki 1982. Baadaye akaja Frank Beyer, na baada ya mataifa mawili kuungana akaja Andreas Dresen, kijana kwake kwa zaidi ya miaka thelathini. Mwandishi aliyebadilisha waongozaji mara chache namna hii hakuwa mtumishi wa mtu. Mwongozaji aliyetaka kazi yake ilibidi akae naye.

Nipo Unguja. Ujerumani Mashariki ndio waliotujengea nyumba za Kikwajuni, babu yangu anawasifu mpaka leo. Lakini nasikia walikuwa wakifungia filamu. Kohlhaase naye alifungiwa? (Msomaji, Unguja)

Nisalimie babu. Anachokisema ni kweli, na ulichokisikia ni kweli pia. Nchi ileile iliyopeleka mafundi kujenga Kikwajuni baada ya Mapinduzi ya 1964 ndiyo iliyofungia filamu zake yenyewe mwaka uliofuata.

Desemba 1965 Kamati Kuu ya chama tawala ilifanya mkutano wake wa kumi na moja. Ulikuwa uzungumzie uchumi, ukageuka mahakama ya wasanii. Filamu za DEFA zilisomewa mashtaka: zinaonyesha mashaka, zinawavunja vijana moyo, hazioni mafanikio. Karibu filamu zote za msimu ule zilizohusu maisha ya wakati huo zikafungiwa, nyingine zikiwa bado mezani kwa mhariri.

Ya Kohlhaase na Klein ilikuwa miongoni mwao. Iliitwa *Berlin um die Ecke*. Mashujaa wake ni vijana wawili wa kiwanda cha chuma, Olaf na Horst. Hawaupingi ujamaa. Wanachouliza ni kwa nini wazee wa kiwandani wanawahubiria, na kwa nini gazeti la kiwanda linaandika mambo ambayo kila mtu karakana anajua si kweli. Hilo tu. Kazi ilisimamishwa kabla filamu haijakamilika, makopo yakawekwa stoo. Watu waliiona mwishoni mwa miaka ya 80, na onyesho lake rasmi likaja 1990. Klein alikuwa amefariki tangu 1970.

Hapo ndipo mimi huumia. Watu huizungumzia marufuku kama jambo la kisiasa, kana kwamba filamu ikifunguliwa basi deni limelipwa. Filamu ya vijana wa 1965 ilipaswa kuonwa na vijana wa 1965. Ilipotoka, Olaf na Horst wa kweli walikuwa na vipara na wajukuu, na kiwanda chenyewe kilikuwa kinakaribia kufungwa. Mwongozaji hakusikia hata mtu mmoja akicheka ukumbini.

Utaniuliza kwa nini Kohlhaase hakuondoka. Wengine waliondoka, nami siwahukumu. Yeye alibaki, akaandika kwa pembeni pale alipoweza na kwa uwazi pale alipoachiwa. Wala sitakudanganya kwamba alikuwa mpinzani. Aliheshimiwa na nchi yake na alipokea tuzo zake. Ninachokiona ni kwamba baada ya pigo la 1965 hakuandika filamu ya kujipendekeza ili asamehewe. Alikwenda kwa Wolf wakaandika ya kijana wa miaka 19.

Aliandikia televisheni pia, au sinema tu? (Msomaji, Mombasa)

Aliandikia. Inayojulikana sana ni *Der Hauptmann von Köpenick* ya 1997, iliyoongozwa na Frank Beyer, ikitokana na tamthilia ya zamani yenye jina hilo. Kisa ni cha kweli: mwaka 1906 fundi viatu aliyetoka gerezani alinunua sare kuukuu za kapteni, akawaamrisha askari aliowakuta njiani, akaingia nao ofisi za manispaa ya Köpenick, akamkamata meya na kuondoka na fedha. Hakuna aliyemuuliza, kwa sababu ya sare. Köpenick ni jirani kabisa na Adlershof alikokulia Kohlhaase, kwa hiyo alikuwa anaandika kisa cha mtaa wa pili.

Aliandikia redio pia, na wanaoandika michezo ya redio kwetu wangefaidika sana na mmoja wao, *Die Grünstein-Variante*. Wanaume watatu katika seli moja mjini Paris, vita vikikaribia, wanacheza sataranji kwa kete walizofinyanga kwa mkate wa jela. Mmoja, mchinja nyama, ndiyo kwanza anafundishwa mchezo, na anagundua namna ya kuanza ambayo haishindiki. Baadaye namna ile inasahaulika. Mchezo ule ulishinda tuzo ya kimataifa ya Prix Italia, halafu ukafanywa filamu.

Baada ya ukuta kuanguka si ndiyo alikwisha? (Msomaji, Arusha)

Wengi walidhani hivyo. DEFA yenyewe iliuzwa 1992. Lakini mwaka 2000 ikatoka *Die Stille nach dem Schuss*, aliyoiandika na mwongozaji Volker Schlöndorff wa upande wa magharibi. Inamhusu mwanamke aliyekuwa kwenye kundi la mashambulizi ya kigaidi Ujerumani Magharibi, anayefichwa upande wa mashariki kwa jina la bandia na kupewa kazi ya kiwandani. Waigizaji wake wawili wa kike waligawana tuzo ya uigizaji bora katika tamasha la filamu la Berlin.

Halafu ikaja ile ninayoipenda kuliko zote za baadaye, *Sommer vorm Balkon*, chini ya Andreas Dresen, mwaka 2005. Kohlhaase alikuwa na miaka 74, na wahusika wake wakuu ni wanawake wawili wanaoikaribia arobaini. Nike anapita majumbani kuwaogesha na kuwalisha wazee. Katrin hana kazi na analea mtoto wa kiume peke yake. Jioni wanakaa kwenye kibaraza cha ghorofani kwa Nike, wanakunywa, wanawatazama watu wa chini, wanacheka. Mwanaume anaingia kati yao, dereva wa lori asiye na maneno, na urafiki unatikisika. Katrin anazidiwa na pombe mpaka hospitali. Filamu haipigi kelele hata mara moja.

Mtaa ni Prenzlauer Berg, uleule wa Sunny, na Schönhauser Allee ya akina Kohle iko hatua chache. Miaka 48 imepita kati ya daraja lile na kibaraza hiki, nchi imebadilika, fedha imebadilika mara mbili, na mzee bado yuko palepale na daftari lake. Kwa skripti ile alipewa tuzo ya uandishi bora katika tamasha la San Sebastián, Uhispania. Mwaka 2010 tamasha la Berlin likamtunuku Dubu wa Dhahabu wa heshima kwa kazi ya maisha yake.

Nimeona filamu ya mfungwa wa kambi ya Wanazi anayejifanya Mwajemi na kubuni lugha. Rafiki yangu anabisha kwamba ni ya Kohlhaase. Jina lake silioni kwenye skripti. Nani mkweli? (Msomaji, Nairobi)

Nyote wawili. Filamu ni *Persischstunden*, iliyoongozwa na Vadim Perelman na kuonyeshwa Berlin mwaka 2020. Skripti si ya Kohlhaase, iliandikwa na Ilja Zofin. Mbegu ndiyo yake: hadithi fupi aliyoichapisha miaka ya 70, *Erfindung einer Sprache*, yaani kubuni lugha.

Kwa ambao hawajaiona: mfungwa Myahudi anaokoa roho yake kwa kudai ni Mwajemi. Afisa mmoja wa kambi anataka kujifunza Kiajemi, kwani ana ndoto ya kufungua mgahawa Tehran. Mfungwa hakijui hata neno. Inambidi abuni maneno kila siku, na kubuni si kazi kubwa, kazi ni kuyakumbuka kesho yake, maana neno moja likigeuka amekufa. Katika filamu anapewa daftari la majina ya wafungwa alinakili kwa mwandiko mzuri, na hapo anapata dawa: anakata silabi za majina yao na kuzifanya maneno. Anapogawa supu anamuuliza kila mmoja jina lake, na jina linakuwa neno la mkate, la kijiko, la upendo. Vita vikiisha, daftari limechomwa moto, na yeye peke yake ndiye anayeweza kuwataja waliouawa, jina moja baada ya jingine, kwa sababu amewageuza kuwa lugha. Afisa naye anafika Tehran, anafungua kinywa kuzungumza Kiajemi chake kizuri, na hakuna anayemwelewa.

Kuhusu haki ya jina: anayetoa hadithi hutajwa kama chanzo, anayeandika skripti hutajwa kama mwandishi wa skripti. Ndivyo ilivyofanyika hapa na ndivyo inavyostahili. Nalisema hili kwa mkazo kwa sababu kwetu bado kijana anasimulia kisa chake kwenye kahawa, miezi sita baadaye anakiona kwenye televisheni, na jina lake halimo popote. Andika kisa chako, weka tarehe, kabidhi kwa saini.

Nianze na filamu ipi? (wasomaji kadhaa)

Anzeni na *Solo Sunny*. Kisha *Berlin – Ecke Schönhauser…*, halafu *Sommer vorm Balkon*, mwone mtaa uleule unavyozeeka. *Ich war neunzehn* iwekeeni jioni tulivu, haifai kutazamwa huku mtu anajibu simu. Filamu za DEFA zinatunzwa na mfuko maalumu ulioundwa Ujerumani mwaka 1998, na Chuo Kikuu cha Massachusetts, Amherst, Marekani, kina maktaba inayozisambaza zikiwa na tafsiri ya Kiingereza chini ya picha.

Mkiipata ya Sunny, itazameni mara mbili. Mara ya kwanza someni tafsiri. Mara ya pili zifunikeni kwa karatasi hata kama Kijerumani hamkijui, msikilize urefu wa sentensi tu: nani anasema mbili, nani anasema moja, nani ananyamaza na kuwasha sigara. Halafu mniandikie mlichokisikia.